Neno Dhidi ya Picha: Usimulizi wa Kitaswira katika Filamu Bubu ya Orochi (1925)

1.0 Utangulizi

Filamu ya Orochi, iliyoongozwa na Futagawa Buntarō na kuonyeshwa nchini Japani kwa mara ya kwanza mwaka 1925, hutajwa mara nyingi kwa sababu moja tu, nayo ni pambano lake la mwisho. Katika pambano hilo mtu mmoja mwenye upanga anazingirwa na umati wa askari, anapigana hadi nguvu zinamwishia, kisha anafungwa kamba na kupelekwa mbele ya watu wanaomzomea. Utajo huo ni wa haki kwa kuwa ni filamu chache za zama zile zilizothubutu kuendeleza pambano kwa muda mrefu kiasi hicho. Hata hivyo, umeiponza filamu yenyewe. Pambano limetengwa na kisa kilicholizaa, likasomwa kama onyesho la ufundi wa mwili, na filamu ikawekwa katika kundi la kazi za burudani zisizohitaji kuhakikiwa kwa kina.

Makala hii inatetea hoja tofauti. Inadai kuwa Orochi ni filamu inayohusu mamlaka ya kumpa mtu jina, na kwamba mbinu zake za kitaswira zimepangwa ili kuipinga mamlaka hiyo. Kila linalosemwa juu ya mhusika mkuu ndani ya kisa si kweli, au ni kweli nusu. Kinyume chake, kinachoonyeshwa ndicho kinachompa mtazamaji ukweli ambao wahusika wengine wamenyimwa. Kwa hiyo ububu wa filamu hii haupaswi kuhesabiwa kuwa kasoro ya teknolojia ya wakati wake pekee, kwani ndio unaoiwezesha hoja yake. Katika ulimwengu ambamo maneno ni ya wenye cheo, picha pekee ndiyo inayobaki kuwa shahidi wa asiye na cheo.

Uhakiki unaanza kwa kueleza muktadha wa filamu. Kisha unachunguza jina lake, mpangilio wa matukio ya mwanzo, uumbaji wa mhusika Jirozo na pambano la mwisho. Baada ya hapo unajadili nafasi ya msimulizi wa jukwaani, yaani benshi, ambaye kwa mtazamo wa haraka anaonekana kuibomoa hoja hii. Mwisho unapima upungufu wa filamu.

2.0 Muktadha wa Filamu

Orochi ni kazi ya vijana. Bandō Tsumasaburō, aliyeigiza mhusika mkuu, alizaliwa mwaka 1901, na alikuwa hajatimiza miaka 24 filamu ilipoonyeshwa. Katika mwaka huohuo wa 1925 alianzisha kampuni yake mwenyewe ya kutengeneza filamu, jambo lililompa mwigizaji uhuru wa kuchagua kisa na namna ya kukiigiza. Futagawa na mwandishi wa mswada, Susukita Rokuhei, wote wawili walizaliwa mwaka 1899. Makino Shozō, aliyekuwa mmoja wa waasisi wa tasnia ya filamu nchini humo, alisimamia kazi yao.

Umri huo una maana katika historia ya fani. Kizazi kilichotangulia kilitawaliwa na Onoe Matsunosuke, nyota wa kwanza wa filamu za Japani, ambaye mapigano yake yalifuata taratibu za jukwaa la kabuki. Katika kabuki, mpigano ni aina ya ngoma: mwigizaji huenda kwa hatua zilizopimwa, husimama ghafla katika mkao wa fahari, na hadhira humshangilia kwa uzuri wa mkao huo. Mwaka 1917 Sawada Shōjirō alianzisha kundi la maigizo la Shinkokugeki lililoleta jukwaani mapigano ya upanga ya kasi na yenye kukaribia uhalisi. Filamu zikaipokea kasi hiyo. Tetemeko kubwa la ardhi la Septemba 1, 1923 liliharibu studio za Tokyo, na shughuli nyingi zikahamia Kyoto, ambako filamu za visa vya kale, zinazojulikana kama jidaigeki, zilikuwa tayari na makao yake.

Upande wa siasa nao haukuwa shwari. Mwaka 1925 Bunge la Japani lilipitisha sheria ya kura kwa wanaume wote watu wazima, na wakati huohuo likapitisha Sheria ya Kulinda Amani iliyolenga kuzibana fikra za upinzani. Mwaka huohuo ukaguzi wa filamu uliwekwa chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani kwa nchi nzima. Orochi ilipita katika ungo huo. Jina lake la awali lilikuwa Buraikan, neno linalomtaja mhuni asiyefuata sheria, na halikukubaliwa na wakaguzi. Si lazima kuisoma filamu kama kauli ya moja kwa moja kuhusu sheria za mwaka ule. Inatosha kutambua kwamba kisa cha mtu anayeharibiwa na jina alilopewa na wakubwa kililazimika chenyewe kubadilishwa jina na wakubwa.

3.0 Jina Linalosikika na Jina Linaloonekana

Jina lililochukua nafasi ya lile la awali linastahili kusomwa kwa makini. Likitamkwa, Orochi ni jina la joka kubwa la visa vya kale vya Japani. Lijulikanalo zaidi ni joka la vichwa vinane na mikia minane lililouawa na mungu Susanoo, ambaye habari zake zimo katika Kojiki. Mtu anayelisikia jina hili bila kuliona ataliwaza dubwana, yaani kitu ambacho jamii ina haki ya kukizunguka na kukiua.

Likiandikwa kama lilivyoandikwa katika filamu, hata hivyo, jina hilo halitumii herufi ya joka. Limeundwa kwa herufi tatu zilizochaguliwa kwa sauti zake. Ya kwanza inabeba maana ya dume au shujaa, na ya mwisho ni herufi ya damu. Sikio linapata dubwana, jicho linapata damu ya mwanadamu. Kabla hata ya picha ya kwanza, filamu imekwisha kutenganisha kinachosikika na kinachoonekana, na imemdokeza mtazamaji kwamba viwili hivyo havitakubaliana.

Baada ya jina kinafuata kibao cha maandishi kinachotoa msimamo wa filamu. Maudhui yake ni kwamba si kila anayeitwa mhalifu ana moyo mwovu, wala si kila anayeheshimiwa anastahili heshima, kwani wapo wengi wanaojifunika vazi la wema ilhali ndani ni waovu. Mhakiki anaweza kulalamika kwamba kibao hiki kinatoa dhamira mapema mno. Lalamiko hilo litarejewa katika sehemu ya 8.0. Kwa sasa itoshe kusema kwamba kibao kinatoa dai, na dai lililotolewa kwa maneno bado ni neno tu. Kazi ya kulithibitisha inaachiwa picha.

4.0 Sababu Huonyeshwa, Matokeo Husemwa

Mhusika mkuu, Kuritomi Heizaburō, ni samurai kijana wa daraja la chini anayesoma kwa mwalimu Matsuzumi Eizan, mtaalamu wa mafunzo ya Confucius. Anampenda Namie, binti wa mwalimu. Katika karamu ya kuadhimisha siku ya kuzaliwa ya mwalimu, kijana wa ukoo wenye cheo anamchokoza kwa kisingizio cha kumkaribisha pombe, na ugomvi unazuka. Lawama inamwangukia Heizaburō. Baadaye anawasikia vijana wenzake wakilichafua jina la Namie, anapigana nao ili kulitetea, na kwa mara nyingine anaonekana kuwa mkorofi. Mwalimu anamfukuza. Namie naye hajui kwamba ugomvi ulikuwa kwa ajili yake.

Matukio haya mawili yana muundo mmoja. Mtazamaji anaonyeshwa sababu ya ugomvi tangu chanzo chake: uchokozi, kujizuia, kisha kushindwa kujizuia. Mwalimu, binti na jamii wanafika wakati wa matokeo, wanapomkuta mtu mwenye hasira akiwa amewaangusha wengine. Kutokana na matokeo hayo wanatunga maelezo, na maelezo hayo yanageuka kuwa hukumu. Kwa njia hii filamu inagawanya maarifa katika mafungu mawili. Fungu la picha kamili ni la mtazamaji peke yake. Fungu la maneno ni la wahusika, nalo daima huja likiwa limechelewa.

Ni muhimu kuona kuwa Futagawa hamfanyi Heizaburō kuwa malaika. Kamera inauonyesha uso wa Bandō katika picha za karibu, na uso huo una kiburi, una hasira ya haraka, una macho yanayowaka. Mtazamaji anashuhudia kwamba Heizaburō ndiye aliyepiga. Tofauti kati ya mtazamaji na mwalimu, kwa hiyo, haiko katika kujua kama kosa lilitendeka, bali katika kujua lilitendeka kwa nini. Filamu inadai kwamba haki haiwezi kupatikana mahali ambapo swali la pili haliulizwi. Kwa kuwa anayeweza kuuliza swali hilo ni mwenye cheo, na mwenye cheo hana haja nalo, swali linabaki mikononi mwa mtazamaji.

Baada ya kufukuzwa, Heizaburō anakuwa ronini, yaani samurai asiye na bwana. Anatangatanga, anaingia gerezani, anatoka, anamwona Ochiyo, mhudumu wa mkahawa, na kumhamishia mapenzi yaliyokosa pa kwenda. Kila anapofika, sifa yake imemtangulia. Waswahili husema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Nusu ya kwanza ya methali hii ndiyo imani ya wahusika wote wanaomzunguka Heizaburō: kama watu wanasema ni mhuni, basi uhuni upo. Filamu inaikanusha nusu hiyo kwa picha, kisha inaonyesha kwa huzuni jinsi nusu ya pili inavyotimia. Uhuni haukuwapo, lakini umesemwa mpaka umekuja. Mavazi yanachakaa, nywele zilizofungwa kwa nidhamu ya samurai zinalegea, mwendo wa mwanafunzi unageuka kuwa mwendo wa mtu anayetazama nyuma yake. Hakuna kibao cha maandishi kinachohitajika kueleza mabadiliko haya. Mwili wa mwigizaji unatosha.

5.0 Nje na Ndani: Mhusika Jirozo

Ikiwa Heizaburō ni mtu mwenye jina baya na nia njema, Jirozo ni kinyume chake. Jirozo ni mkubwa wa kundi lenye nguvu ambaye umma unamheshimu kama mtetezi wa wanyonge. Heizaburō anayekimbizwa anapata hifadhi kwake, na anabaki huko kama mlinzi. Ndani ya nyumba hiyohiyo inayosifiwa kwa ukarimu, Jirozo hutumia shida za watu kuwapata wanawake kwa nguvu.

Usimulizi wa kitaswira hapa unategemea upinzani wa nje na ndani. Nje ni mahali pa sifa, ambapo watu huinama na kushukuru. Ndani ni mahali ambapo sifa haifiki, na ambapo kamera inaingia. Heizaburō naye, kwa nafasi yake ya mlinzi, anakaa mpakani, akiwa mtu wa nje aliyeruhusiwa kuona ya ndani. Hivyo kwa mara ya kwanza katika kisa, mhusika mmoja anafikia kiwango cha maarifa alichonacho mtazamaji. Heizaburō anajua nani ni nani. Lakini hana mtu wa kumwambia, kwa sababu neno la mhuni halina uzito mbele ya neno la mfadhili.

Mgogoro unafika kileleni Namie anapowasili katika nyumba hiyo akiwa na mumewe mgonjwa, wakidhani wamepata msaada wa mwema. Jirozo anamtaka Namie. Heizaburō analazimika kuchagua kati ya hifadhi yake na mwanamke ambaye familia yake ndiyo iliyomtupa. Anamuua Jirozo. Kwa tendo hilo anatenda jema lililo kubwa kuliko yote maishani mwake, na kwa tendo hilohilo, mbele ya macho ya umma, anathibitisha kila baya lililowahi kusemwa juu yake. Amemuua mfadhili wa mji. Kejeli ya kisa imekamilika, na haikuhitaji hotuba yoyote.

6.0 Pambano la Mwisho kama Hoja

Likisomwa baada ya hayo, pambano la mwisho haliwezi kuonekana kuwa nyongeza ya kuwafurahisha watazamaji. Urefu wake ndio hoja yake. Askari wanaongezeka wimbi baada ya wimbi. Hawaji kwa panga tu, bali pia kwa fimbo ndefu, ngazi na kamba, yaani zana za kumkamata mnyama bila kumkaribia. Jina la joka linapata tafsiri yake ya picha: binadamu anatendewa kama dubwana.

Futagawa anatumia mizani miwili ya picha. Ya kwanza ni picha ya mbali, mara nyingi kutoka juu, inayoonyesha umati ukimzunguka mtu mmoja, ukijikunja na kujikunjua kila anapoelekea. Katika picha hizi Heizaburō ni nukta. Ya pili ni picha ya karibu, ambapo nukta inapata uso, jasho, nywele zilizovurugika na kifua kinachohema. Picha ya mbali ndivyo serikali na mji vinavyomwona, kama tatizo la idadi na nafasi. Picha ya karibu ndivyo anavyojulikana na mtazamaji. Uhariri unaporukaruka kati ya mizani hii miwili, mtazamaji halazimishwi kuchagua upande kwa maneno. Anaelewa mwenyewe kwamba picha ya mbali pekee isingetosha kumhukumu mtu.

Kamera nayo inashiriki. Inageuka kwa kasi kufuata mbio za mhusika, na inapogeuka mpaka wa fremu unaleta adui wapya kila mara. Fremu yenyewe inakuwa kizuizi. Katika kabuki mkao wa fahari ungelikata pambano na kumpa mwigizaji pumzi na makofi. Hapa Bandō anasimama, lakini anasimama kwa sababu amechoka. Kusimama kumepoteza fahari yake na kuwa dalili ya mwili unaoishiwa nguvu. Hili ndilo badiliko kubwa la fani ambalo filamu inalileta: uzuri wa mapigano unapungua kadiri pambano linavyoendelea, na mtazamaji aliyeanza kwa kushangilia anajikuta anataka likome. Furaha inageuzwa kuwa uchovu, na uchovu kuwa huruma.

Ulinganisho mmoja wa nje unaweza kusaidia. Mwaka huohuo wa 1925 Sergei Eisenstein alikamilisha Bronenosets Potyomkin, filamu ambayo umati ndio shujaa wake. Katika Orochi umati una sura mbili, nazo zote ni za upofu: umati wa askari unaotii, na umati wa watazamaji wa mjini wanaozomea. Kazi hizi mbili zinajua nguvu ya watu wengi katika fremu moja, lakini Futagawa anaitumia nguvu hiyo kuonyesha jinsi wingi wa macho usivyohakikisha kuona.

Urithi wa wazo hili unadhihirika katika filamu ya mwaka 1966 iliyotengenezwa na kampuni ya Daiei kutokana na kisa hiki, Daisatsujin Orochi, iliyoongozwa na Tanaka Tokuzō na kuigizwa na Ichikawa Raizō. Humo, katikati ya pambano, vidole vya mhusika vinakakamaa katika mpini wa upanga, na analazimika kuvibandua kimojakimoja kwa mkono mwingine. Filamu hiyo ilikuwa na sauti na ingeweza kumpa mhusika maneno. Mwongozaji akauamini mkono kuliko maneno, na kwa hilo alikuwa mrithi halali wa filamu bubu ya 1925.

Hatimaye Heizaburō anakamatwa. Anapopitishwa amefungwa kamba, umati unamtazama kwa chuki. Namie na mumewe peke yao ndio wanaomshukuru na kuomboleza, kwa kuwa wao pekee ndio walioona. Hatima ya mhusika haibadiliki. Kinachobadilika ni idadi ya mashahidi, ambayo sasa ni watu wawili ndani ya kisa, na ukumbi mzima nje yake.

7.0 Sauti ya Benshi

Pingamizi kubwa dhidi ya hoja iliyotolewa ni hili: filamu bubu za Japani hazikuonyeshwa kwa ukimya. Pembeni mwa skrini alisimama benshi, fanani aliyesimulia kisa, akawatolea wahusika sauti, na kueleza hisia zao, huku wapiga muziki wakimsindikiza. Mabenshi wengine walikuwa na umaarufu uliovutia watu ukumbini kuliko majina ya waigizaji. Ikiwa Orochi ilisindikizwa na neno tangu mwanzo hadi mwisho, je, inaweza kusemwa kwamba inapinga neno kwa picha?

Jibu linahitaji kutofautisha aina mbili za neno. Neno la mwalimu, la mji na la askari ni neno la hukumu, nalo linatolewa na mtu ambaye hakuona. Neno la benshi linatolewa na mtu anayetazama picha ileile pamoja na hadhira, kwa wakati uleule. Yeye ni shahidi mwenye sauti. Anaposema kwamba Heizaburō alikusudia mema, hadhira haimwamini kwa cheo chake, kwani hana cheo ndani ya kisa. Inamwamini kwa sababu nayo imeona. Mwenye macho haambiwi tazama, lakini anaweza kuambiwa alichokiona wakati machozi yamemziba.

Wasomaji wa Afrika Mashariki wana mfano wa karibu wa kuwasaidia kulielewa jambo hili. Katika vibanda vya video nchini Tanzania na Uganda, wasimulizi wamekuwa wakizifasiri filamu za kigeni kwa Kiswahili au Kiganda, wakiongeza maelezo, mzaha na maoni yao. Tofauti za kihistoria ni kubwa: benshi alisimulia filamu za nchi yake pamoja na za kigeni, katika sanaa iliyotokana na jadi ndefu ya usimulizi wa jukwaani, ilhali msimulizi wa kibanda huanza na kikwazo cha lugha. Hata hivyo, kinachofanana ni uhusiano wa fanani na hadhira mbele ya picha. Kote kuwili msimulizi hawezi kusema lolote alitakalo bila kukaguliwa, kwa sababu picha ipo mbele ya wote na inaweza kumkanusha.

Orochi inadhihirisha jambo hili vizuri kwa kuwa imesalia pamoja na usimulizi uliorekodiwa. Matsuda Shunsui, aliyezaliwa mwaka 1925 na kufariki mwaka 1987, alikusanya na kuhifadhi filamu bubu nyingi na kuzirekodia sauti yake, Orochi ikiwa mojawapo. Mtazamaji wa leo anaweza kuitazama filamu na sauti hiyo, kisha akaizima na kuitazama tena. Katika sehemu za mwanzo ukimya unampotezea mtazamaji majina na nasaba. Katika pambano la mwisho, kinyume chake, haumpotezei chochote cha msingi. Uzito wa usimulizi unahama polepole kutoka kwa sauti kwenda kwa mwili, na mahali ambapo haki ya Heizaburō inapiganiwa, picha inajitosheleza.

8.0 Upungufu wa Filamu

Uhakiki wa haki hauwezi kuacha kutaja mapungufu. La kwanza ni kile kibao cha ufunguzi. Kwa kutangaza kwamba wanaoitwa waovu huenda ni wema, filamu inampokonya mtazamaji nafasi ya kukosea. Laiti ingemwacha mtazamaji naye amhukumu Heizaburō kwanza, kisha agundue kosa lake, somo lingekuwa chungu na la kudumu zaidi. Filamu inatuweka upande wa wanaojua tangu dakika ya kwanza, na inatusamehe mapema mno.

La pili ni nafasi ya wanawake. Namie na Ochiyo wanatazamwa, wanatamaniwa na wanaokolewa, lakini kamera ni nadra kukaa nao wakiwa peke yao ili kutazama ulimwengu kwa macho yao. Namie anamhukumu Heizaburō bila kujua, anaolewa, kisha anarudi ili aokolewe na awe shahidi. Filamu inayodai kwamba kila mtu ana ndani yake yasiyoonekana kwa nje haikuifuata kanuni hiyo kwa ukamilifu ilipowafikia wanawake wake. Dhuluma ya Jirozo dhidi ya wanawake wengine inatumika zaidi kuthibitisha unafiki wake kuliko kueleza maumivu yao.

La tatu linahusu gharama ya huruma. Askari wanaoanguka katika pambano la mwisho hawana nyuso. Picha ya karibu ni ya Heizaburō peke yake. Mbinu iliyoifunza hadhira kutomhukumu mtu kwa picha ya mbali inawaacha makumi ya watu katika picha ya mbali hadi wanaanguka. Huenda hii ni sheria ya aina ya filamu yenyewe. Hata hivyo, ni mpaka wa hoja yake, na mpaka huo unapaswa kuonyeshwa.

9.0 Hitimisho

Uchambuzi huu umeonyesha kwamba usimulizi wa kitaswira katika Orochi si pambo la kisa cha mapigano. Jina la filamu, mgawanyo wa maarifa katika matukio ya mwanzo, upinzani wa nje na ndani katika nyumba ya Jirozo, na mizani miwili ya picha katika pambano la mwisho vyote vinafanya kazi moja: kuweka ushahidi wa jicho dhidi ya hukumu ya neno. Benshi haivunji kazi hiyo, kwa kuwa neno lake linatoka ndani ya ushahidi uleule. Kasoro za filamu zinaanza pale inapoacha kuwapa wengine ushahidi huo iliompa Heizaburō.

Sehemu kubwa ya filamu bubu za Japani zimepotea kwa moto, vita na uzembe wa kuhifadhi. Kusalia kwa Orochi kunawapa wahakiki wanaotumia Kiswahili nafasi ya kuthibitisha kwamba istilahi za fasihi simulizi, kama fanani na hadhira, zinaweza kuchambua sanaa ya picha za mwendo bila kusubiri istilahi zote ziazimwe kutoka lugha nyingine. Utafiti zaidi unaweza kuelekezwa kwenye ulinganisho wa kina kati ya usimulizi wa benshi na ule wa vibanda vya video vya Afrika Mashariki, hasa kuhusu swali lililozuka hapa: msimulizi anapotofautiana na picha, hadhira humwamini nani, na kwa sababu gani?